UZI: Bima iliyozaliwa Mombasa na farasi aliyeibwa Ireland, nyumba ni moja

#1 Wakala wa Chumbageni

Wakuu, salaam. Mimi ni wakala wa bima hapa Tanga, mwaka wa kumi na tatu huu. Bodaboda, bajaji, fuso za machungwa ya Muheza, moto wa maduka. Kazi mnaijua: ukitokea kijiweni na mkoba wako, kila mtu anakumbuka ghafla kwamba ana safari.

Jambo la pili mnalopaswa kujua kuhusu mimi ni farasi. Nimemgusa farasi mara moja tu maishani, 2009, kwenye uwanja wa mbio wa Ngong, Nairobi. Shemeji yangu alikuwa anafahamiana na kijana mmoja wa mabandani. Pua ya farasi, ndugu zangu, ni laini kama mkate wa kumimina uliotoka jikoni sasa hivi. Tangu siku ile nasoma kila kinachoandikwa kuhusu hawa wanyama, na mama watoto alishanyoosha mikono.

Sasa juzi mambo yangu mawili yamekutana. Nilikuwa nasoma habari za Shergar, farasi aliyeshinda Derby ya Epsom, Uingereza, mwaka 1981. Alishinda kwa urefu wa farasi kumi, na mpaka leo hakuna aliyeshinda mbio zile kwa pengo kubwa zaidi. Joki wake, Walter Swinburn, alikuwa kijana wa miaka 19. Mwenye farasi alikuwa Mtukufu Aga Khan, Imamu wa Waismailia, huyu Karim aliyefariki Lisbon Februari 2025. Nikainua macho ukutani, nakutana na kalenda ya Jubilee. Nikasema ala! Bima ya Jubilee si ya nyumba hiyohiyo?

Ni ya nyumba hiyohiyo. Kampuni ilianzishwa Mombasa, Agosti 1937. Jina lake limetoka kwenye jubilei ya dhahabu, ile waumini wa Kiismailia walipompima Aga Khan kwa dhahabu mizani ikasimama sawa: Bombay 1936, Nairobi Machi 1937. Kwa hiyo ile karatasi ninayombandikia mtu wa bajaji na yule farasi wa Epsom wana baba mmoja.

Nimekaa na hilo wiki nzima. Mwenye kujua zaidi aje.

#2 Ngalawa77

Nimechukua siti ya mbele. Kahawa na kashata viko wapi?

#3 Mzee wa Upanga

Mleta uzi umeanza vizuri ila nikusahihishe kidogo, maana vijana mnachanganya. Aliyepimwa kwa dhahabu ni Aga Khan wa tatu, Sultan Mahomed Shah, babu. Karim alizaliwa Geneva Desemba 1936, kwa hiyo Jubilee inaanzishwa hata miezi tisa hajatimiza. Bima aliikuta.

Na farasi vilevile aliwakuta. Babu ndiye mwenye shauku kwanza. Alishinda Derby mara tano: Blenheim 1930, Bahram 1935, Mahmoud 1936, My Love 1948, Tulyar 1952. Bahram alistaafu bila kushindwa hata mara moja. Tazama miaka hiyo vizuri, mwanangu. 1935 Derby, 1936 Derby na dhahabu ya Bombay, 1937 dhahabu ya Nairobi na bima ya Mombasa. Mtu mmoja, ndani ya miaka mitatu.

Hapa kwetu Dar alipimwa kwa almasi, Agosti 1946. Mimi sikuwepo, ila marehemu baba alikuwepo na alikuwa akiisimulia kila Sikukuu mpaka tukaichoka. Na Karim alipokabidhiwa kiti, sherehe ya kwanza ilikuwa Dar es Salaam hapahapa, Oktoba 1957. Utoto wake wakati wa vita kuu alikuwa Nairobi. Huyu si mgeni kwetu kama mnavyodhani.

#4 Wakala wa Chumbageni

Asante sana mzee wangu, shikamoo. Hilo la miaka mitatu sikuwa nimeliweka pamoja.

Ila hapo kwa Karim pana jambo linanivutia zaidi. Yeye hakuwa mtu wa farasi. Baba yake, Prince Aly Khan, alikufa kwa ajali ya gari karibu na Paris, Mei 1960. Karim ana miaka 23, ametoka chuo, hajui kwato wala hatamu, anarithi mabanda. Mwenyewe alisema hadharani kwamba kabla ya hapo mbio za farasi hazikuwa zimemshughulisha. Angeweza kuuza wote, nani angemlaumu? Mwaka huohuo farasi wao Charlottesville akashinda Derby ya Ufaransa pale Chantilly, mambo yakabadilika. Akaanza kujifunza ukoo mmoja baada ya mwingine. 1977 na 1978 akanunua mabanda mazima ya watu wengine, ya Dupré na ya Boussac, farasi kwa makumi.

Hiyo hesabu ni ya mtu wa bima, wakuu. Hukusanyi farasi mmoja wa bahati. Unakusanya majike mengi ya damu nzuri, unajua wengi watakuwa wa kawaida, wachache watalipa madeni ya wote. Mimi nikikata bima bajaji mia, sijui ipi itapinduka Pongwe, ila najua zitapinduka kama ngapi.

#5 Binti Pangani

Uzi wa maana, lakini niulize kinachowasumbua wengi na hawasemi. Mbio za farasi si kamari? Na yeye ni Imamu wa watu.

#6 Maalim Kwa Hani

Swali zuri, dada. Tutenganishe. Kuweka pesa kubahatisha farasi gani atashinda, hiyo ni kamari, haina mjadala. Kufuga farasi, kumfundisha, kumshindanisha na mwenye farasi akapewa zawadi, hilo lina nafasi yake tangu zamani. Hadithi iko kwa Bukhari na Muslim kwamba kheri imefungwa kwenye nywele za paji la farasi mpaka siku ya Kiyama. Na Qur'ani ina sura nzima, Al-Adiyat, inayoanza kwa kiapo cha farasi wanaokwenda mbio wakihema. Huyu alikuwa mfugaji na mmiliki.

Mimi si Muismailia, na mambo ya madhehebu sitaki yaingie humu. Ila kama tunahoji farasi, basi tuihoji na bima, maana kuna masheikh wanaona shaka kwenye bima ya kawaida kuliko hata kwenye farasi. Ndiyo sababu ya takafuli, bima inayofuata sharia ya Kiislamu.

#7 Ngalawa77

Maalim umemkuta mleta uzi kwenye mkate wake 😂

#8 Wakala wa Chumbageni

Nimekaa kimya kwa adabu.

Sasa niende kwenye lile lililonifanya nifungue uzi. Shergar na hati za bima. Hapa naomba wenye kukata bima ndogo msome polepole.

Baada ya kustaafu, Shergar alithaminiwa pauni milioni 10. Aga Khan hakumbakiza wote kwake. Alimgawa hisa 40, kila hisa pauni 250,000. Sita akabaki nazo, 34 akauza. Mwenye hisa anapata haki ya kumpeleka jike wake kwa Shergar kila msimu. Farasi akawekwa Ballymany, kaunti ya Kildare, Ireland. Akapanda majike msimu mmoja tu, 1982.

Usiku wa tarehe 8 Februari 1983 watu wenye silaha, wamefunika nyuso, wakagonga kwa mtunza farasi. Wakamlazimisha awaonyeshe banda, wakampakia Shergar kwenye trela. Mtunzaji wakamzungusha kwenye gari, baadaye wakamwacha barabarani. Wakadai pauni milioni 2.

Walichokosea ni hiki: walidhani farasi ana mwenyewe mmoja, tajiri, atalipa usiku huohuo. Kumbe wanajadiliana na kikundi. Ukimlipa mwizi leo, kesho nani atalala na farasi wake Ireland? Mazungumzo yakakatika baada ya siku chache. Shergar hakuonekana tena, mzima wala mzoga. Lawama nyingi ziliangukia IRA, wale wapiganaji wa Ireland, hakuna aliyehukumiwa.

Bima sasa. Kila mwenye hisa alikuwa na bima yake mwenyewe, au hakuwa nayo. Wapo waliokata ya kifo na wizi. Wapo waliokata ya kifo peke yake, kwa sababu nani ataiba farasi anayejulikana dunia nzima? Wa wizi walilipwa. Wa kifo wakaambiwa: kifo kiko wapi? Mzoga uko wapi? Daktari gani wa mifugo ameandika? Farasi yuleyule, usiku uleule, hasara ileile, majirani wawili, mmoja analipwa na mwingine anaonyeshwa mlango.

Miaka 13 nawaeleza watu jambo hili kwa maneno yangu na hawanielewi. Farasi amelieleza vizuri kuliko mimi.

#9 Fundi Gereji Kange

Umenigusa pabaya kaka. 2017 niliibiwa Noah yangu msibani. Nina bima, nina stika, nikajua nimepona. Naenda ofisini kwa kampuni, sitaitaja, binti ananiangalia kwa huruma: "Baba, hii ni bima ndogo." Inamlipa nitakayemgonga, mimi mwenyewe hainihusu. Wakala aliyeniuzia hakuwahi kunieleza hilo, alisema tu "trafiki hatakusumbua". Na kweli, trafiki hakunisumbua. Sikuwa na gari.

#10 Wakala wa Chumbageni

Pole sana fundi. Na hilo ni kosa letu mawakala, silitetei. Tunauza stika.

#11 Kijana wa Mjini

Uzi mrefu. Kwa kifupi, farasi alipatikana?

#12 Binti Pangani

Hapana.

#13 Mzee wa Upanga

Niongeze la kwetu kabla sijaenda msikitini. Mnapoizungumza Jubilee msisahau kwamba Tanzania bima ilifungwa kwa wote. NIC, Shirika la Bima la Taifa, ilianzishwa 1963, na Azimio la Arusha lilipokuja 1967 bima yote ikawa ya NIC. Karibu miaka thelathini kampuni binafsi hazikuwa na kazi hapa, mpaka sheria ya 1996 ilipofungua mlango. Kwa hiyo kijana wa leo anayeona makampuni ya bima yamejaa Samora kama vibanda vya chipsi hajui tulikotoka.

Na tena hiyo Jubilee mnayoisifu, upande wa bima za magari, moto na mali umiliki mkubwa uliuzwa kwa Allianz ya Ujerumani. Walikubaliana 2020. Kenya, Uganda, Tanzania, Burundi na Mauritius. Kalenda yako mleta uzi isome vizuri jina.

#14 Wakala wa Chumbageni

Nimeisoma. Umenishika mzee. Kalenda ni ya zamani, naipenda picha yake.

#15 Mkwale Halisi

Mimi natoka Kinango. Nyinyi mnaongea Epsom na Chantilly, mimi nimjuavyo Aga Khan ni kwa malambo. Shirika lake lilikuwa na mradi wa vijiji huku Pwani, Kwale na Kilifi, tangu miaka ya tisini. Hawakuwa wanakuja na lori la msaada kupiga picha. Walikuwa wanakaa na kijiji, kijiji kinaunda kamati, kinachanga, kinachimba. Marehemu nyanya alikuwa mweka hazina na daftari lake hakuna aliyeruhusiwa kuligusa, hata chifu.

Baadaye nilikuja kusoma kwamba mtindo huo ulianzia kaskazini mwa Pakistan, Gilgit na Chitral, 1982. Milima mitupu, watu wa mifereji ya maji na mchezo wa polo. Kwa hiyo hata huko farasi wamo! Nikacheka peke yangu kwenye matatu.

#16 Wakala wa Chumbageni

Mkwale, asante kwa hili. Umenikumbusha kitu: makao yake yalikuwa Aiglemont, kijiji cha Gouvieux, nje kidogo ya Chantilly, Ufaransa. Ndani ya ua mmoja kulikuwa na ofisi kuu, zinapoendeshwa shughuli za hospitali, shule, vijiji, na kando yake kituo cha kufundishia farasi. Mtu anatoka kwenye kikao cha bajeti ya kijiji cha Kwale, anatembea kidogo, anawakuta farasi wanarudi mazoezini asubuhi na moshi wa pumzi. Na palepale Chantilly kuna mabanda ya kale ya karne ya 18, makubwa kama kasri. Inasimuliwa kwamba mkubwa wa ukoo wa kifalme aliyeyajenga aliamini atazaliwa tena akiwa farasi, akajitayarishia makazi mapema! Aga Khan aliunda taasisi mwaka 2005 kuyakarabati pamoja na kasri lenyewe, akachangia na pesa yake.

Nina wivu. Mimi ofisi yangu inapakana na mashine ya kusaga.

#17 Wajir Mashariki

Salaam kutoka kaskazini. Jamani mtu wa bima anayependa mifugo hahitaji kwenda Ufaransa. Huku kwetu bima ya ng'ombe na ngamia ipo. Ilianza Marsabit, Januari 2010, watafiti wa ILRI, taasisi ya kimataifa ya utafiti wa mifugo, pamoja na kampuni za bima. Wajir ikaja na takafuli, Maalim hapo juu atafurahi.

Kazi yake ni hivi. Hakuna anayekuja kuhesabu mizoga. Jangwa kubwa, nani atakwenda? Satelaiti inapiga picha ya majani. Majani ya msimu yakishuka chini ya kiwango kilichoandikwa kwenye mkataba, wote wenye bima eneo lile wanalipwa, awe mnyama wako amekufa au la. Ngamia wako hata kama ameibwa Ireland, satelaiti haijali.

Ubaya wake nao niuseme. Kuna msimu majani yalionekana juu mawinguni na huku chini ni vichaka tu visivyolika. Mjomba alilipa ada, mbuzi wakafa, hakupata kitu. Mpaka leo ukimtajia bima anakuonyesha angani anacheka.

#18 Fundi Gereji Kange

Kwa hiyo Shergar alihitaji mzoga, na nyinyi mzoga hauhitajiki. Dunia hii.

#19 Wakala wa Chumbageni

Fundi umelishika sawasawa. Na kuna kisa kingine kinakwenda mbali zaidi, cha farasi wa Marekani anaitwa Cigar. Alishinda mbio 16 mfululizo, ikiwemo Kombe la Dunia la Dubai lilipoanzishwa 1996. Akastaafu, akapelekwa kwa majike zaidi ya thelathini. Hakuna hata mmoja aliyeshika mimba! Bahati nzuri alikuwa amekatiwa bima ya ugumba, dola milioni 25, kwa kampuni ya Generali ya Italia. Wakalipa. Na kwa kuwa wamelipa thamani yote, farasi akawa wao. Kampuni ya bima inamiliki farasi asiyezaa! Wakampeleka kwenye bustani ya farasi Kentucky, watu wanakwenda kumtazama, akaishi pale hadi 2014.

Mimi nimewahi kuona kampuni ikibaki na bajaji iliyoungua. Haitembelewi na mtu.

#20 Maalim Kwa Hani

Na ada ya bima ya farasi ni kiasi gani? Naulizia tu.

#21 Wakala wa Chumbageni

Huko kwao ya kifo ni kama asilimia 3 mpaka 5 ya thamani kwa mwaka, inategemea umri na kazi ya farasi. Daktari anampima kwanza. Na ukitaka kumchoma sindano ya kumpumzisha milele lazima uiarifu kampuni kabla, isipokuwa anateseka na hakuna muda. Ukikosea hapo hulipwi.

Huku kwetu Tanga msahau. Farasi hawadumu, mbung'o na ule ugonjwa wa farasi wa Afrika unaoletwa na visubi vinawamaliza. Ndiyo maana mababu walishika punda.

#22 Binti Pangani

Tuseme ukweli, kilichokuvutia kwa huyu bwana ni nini hasa? Maana matajiri wa farasi wako wengi.

#23 Wakala wa Chumbageni

Dada, ni Zarkava. Jike wa Karim aliyeshinda mbio zake zote saba na kumaliza na zile kubwa za Arc, Paris, mwaka 2008. Ukifuata ukoo wake upande wa mama unapita kwa Petite Étoile, jike maarufu wa miaka ya hamsini, unaendelea kurudi mpaka unafika kwa Mumtaz Mahal. Jike huyo alinunuliwa na babu yake Karim akiwa mtoto, mwaka 1922, gini 9,100, pesa ya zamani ya Waingereza. Miaka 86 katikati, vita kuu, ajali ya baba, wizi wa Shergar, na daftari la ukoo halikupotea ukurasa. Mimi nina wateja siwezi kupata namba zao za simu za mwaka juzi.

#24 Mkwale Halisi

Kama daftari la nyanya.

#25 Mkulima wa Handeni

Samahani wakuu nimesoma uzi wote kimyakimya. Mimi nina punda wawili wa kubeba maji na magunia. Mwaka juzi walikuwa watatu. Mmoja aliibwa usiku, tukakuta kichwa na miguu porini, ngozi imekwenda. Najua Umoja wa Afrika ulipiga marufuku biashara ya ngozi za punda 2024 ila wezi hawasomi magazeti. Hawa wawili wanaweza kukatiwa bima? Na ile ya wizi, siyo ya kifo tu.

#26 Wakala wa Chumbageni

Karibu sana kaka. Kwa mifugo inawezekana kuulizia, nitapeleka maombi. Nitahitaji barua ya afisa mifugo wa kata yako, umri wa kila mmoja, thamani, na picha inayoonyesha alama ili wasichanganywe na wa jirani. Wizi nitauandika mwenyewe, mstari wa kwanza.

#27 Mkulima wa Handeni

Simu yangu kamera imevunjika. Ila mmoja sikio limekatika, fisi.

#28 Wakala wa Chumbageni

Hiyo alama inatosha. Sikio gani?

#29 Mkulima wa Handeni

La kushoto.